Tundu la Buluu: Historia Fupi ya Njia kati ya Kompyuta na Kioo Chake

Seven Hills ni kitongoji cha magharibi mwa Sydney, kilomita zipatazo 30 kutoka katikati ya jiji, ndani ya halmashauri ya Blacktown. Maana ya jina ni Vilima Saba, na mwenzetu wa Kampala hachoki kutukumbusha kwamba mji wao nao unasifika kwa vilima saba, tena vya kuonekana kwa macho. Ardhi hii ni ya jadi ya watu wa Darug. Leo ukishuka kwenye stesheni ya treni utasikia Kihindi, Kifilipino, Kiarabu cha Sudan, na ukitega sikio vizuri, Kiswahili: cha Nairobi, cha Kigoma, cha Uvira. Sisi wanachama watatu wa chama chetu tumepanga hapa kwa sababu kodi za karibu na chuo hatuziwezi.

Makala hii ilianza kwa ombi la jirani. Ni mzee wa Kikongo, mtu wa Uvira, ambaye kwa zaidi ya miaka kumi alikuwa katibu wa chama cha kuzikana cha familia za kwao. Wengi wa wanachama hao walipitia kambi ya Nyarugusu mkoani Kigoma, iliyofunguliwa mwaka 1996, ndiyo maana Kiswahili chao kina ladha ya pande zote mbili za Ziwa Tanganyika. Kila mchango, kila msiba, kila jina la marehemu na kijiji alichotoka, mzee aliviandika kwa Kiswahili kwenye kompyuta moja ya mezani yenye Windows XP. Kisha monita yake, ile nene ya chogo, ikafa. Wanawe wakaipeleka kwenye kituo cha kurejeleza taka za umeme pamoja na waya na vikorokoro vyake vyote. Likabaki kasha peke yake, limefunikwa kitambaa cha kufumwa, kama mtu aliyefumbwa macho.

“Mashini haiyakufa, batoto,” alituambia. “Kioo tu njo kilikufa.”

Tulidhani ni kazi ya dakika tano. Jirani mwingine aliyekuwa akihama alitugawia monita nyembamba, nzima kabisa, yenye matundu mawili nyuma: la HDMI na la DisplayPort. Nyuma ya kasha la mzee tukaona tundu la buluu lenye vishimo 15, lile la VGA. Tukanunua kebo ya bei rahisi yenye kichwa cha VGA upande mmoja na cha HDMI upande wa pili. Tukachomeka, tukawasha. Feni ikazunguka, kasha likatoa mlio mmoja mfupi wa kusema liko salama, na kioo kikatujibu kwamba hakuna ishara yoyote inayofika.

Swali letu la historia likazaliwa hapo. Mashine mbili, zote nzima, zimewekwa meza moja: kwa nini haziwezi kuonana? Jibu tulilolipata, na ambalo tunalitetea hapa, ni kwamba kompyuta haizeeki kwa kuharibika tu. Mara nyingi huzeeshwa na makubaliano ya watengenezaji, na anayeachwa kati ya makubaliano ya zamani na mapya ni yule anayepokea mashine mwishoni.

Kioo kabla ya kompyuta ya mezani

Kioo cha chogo ni kikongwe kuliko kompyuta. Mwaka 1897 mwanafizikia wa Ujerumani, Ferdinand Braun, alitengeneza bomba la kioo lisilo na hewa ndani, ambamo mwale wa elektroni hupiga ukuta wa mbele uliopakwa kemikali ya kung'aa. Mwale ukisogezwa, nukta ya mwanga nayo husogea. Chogo lile la nyuma ni nafasi ambayo mwale unaihitaji ili usafiri na kupindishwa. Wahandisi wa rada wa Vita vya Pili vya Dunia waliutumia ufundi huo kuona ndege zilizo mbali.

Sydney ina sehemu yake katika habari hii. Baada ya vita, maabara ya fizikia ya redio iliyokuwa kwenye viwanja vya Chuo Kikuu cha Sydney, ambayo watu wake walikuwa wamefanya kazi ya rada, ilijenga kompyuta ya kwanza ya Australia chini ya Trevor Pearcey na Maston Beard. Iliendesha programu yake ya kwanza Novemba 1949, na baadaye ikaitwa CSIRAC. Matokeo yake yalitoka kwenye karatasi, lakini mezani pa mwendeshaji palikuwa na vioo vidogo vya mviringo vilivyoonyesha kwa nukta za mwanga kilichomo kwenye kumbukumbu. Mwaka 1955 ilihamishiwa Melbourne, na hadi leo imehifadhiwa huko katika jumba la makumbusho.

Kwa CSIRAC hapakuwa na suala la kuunganisha kioo cha nje. Kioo, waya na mashine vilijengwa na mikono ileile, chumba kilekile. Tundu huhitajika pale mtu mmoja anapotengeneza kasha, mwingine akatengeneza kioo, na wa tatu akanunua vyote viwili.

Kutoka vishimo 9 hadi 15

Agosti 1981 IBM ilitoa kompyuta yake binafsi iliyobadili biashara nzima. Mnunuzi alichagua kadi mojawapo kati ya mbili za kioo. Ya kwanza ilionyesha maandishi tu, safu 25 za herufi 80, kwenye monita ya rangi moja ya kijani. Ya pili, CGA, iliweza rangi. Zote mbili zilitumia tundu la vishimo 9 la umbo lilelile, ingawa ishara ndani yake zilitofautiana. Kichwa kiliingia bila kukataa, lakini kuchomeka monita ya kijani kwenye kadi ya rangi kungeweza kuiunguza. Mwaka 1984 ikaja EGA, nayo kwa vishimo 9 vilevile.

Ishara za kadi hizo zilikuwa za kidijitali: kila waya ulisema ndiyo au hapana, umewaka au umezimwa. Njia hiyo ni rahisi, ila ina mpaka. Ukitaka rangi nyingi zaidi, huna budi kuongeza waya.

Tarehe 2 Aprili 1987 IBM ilitangaza kompyuta za PS/2, na ndani yake VGA. Wahandisi walirudi kwenye analogi. Waya tatu, mmoja wa nyekundu, mmoja wa kijani, mmoja wa buluu, hubeba umeme unaopanda na kushuka taratibu, na kiasi cha umeme ndicho kiasi cha rangi. Waya mbili nyingine huueleza mwale wakati wa kuanza mstari mpya na wakati wa kuanza picha mpya. Kwa njia hiyo VGA iliweza kuchagua rangi 256 kutoka 262,144, au kuonyesha picha ya nukta 640 kwa 480 kwa rangi 16. Chogo lilipenda analogi kwa sababu mwale wenyewe ni wa kupanda na kushuka.

Kila aliyesoma chuo Afrika Mashariki amewahi kuziona waya hizo tatu zikifanya kazi bila kujua. Kebo ndefu ya projekta ikilegea skurubu zake, slaidi zote hugeuka manjano, na darasa hudhani mhadhiri amebadilisha rangi. Ni kishimo cha buluu kimepoteza mguso: nyekundu na kijani zikibaki peke yake, nyeupe huwa manjano. Ikipotea kijani, ukuta mzima huwa wa rangi ya zambarau-waridi.

Ajabu ya mwaka 1987 ni hii. Kwa PS/2, IBM ilitaka kurudisha mikononi mwake soko lililokuwa limenyakuliwa na waigaji. Njia mpya ya kuchomeka kadi ndani ya kasha ilifungwa kwa hataza na ada. Washindani, Compaq ikiwa mbele, wakaikataa na mwaka 1988 wakatangaza ya kwao. Njia hiyo ya IBM ikafa. VGA iliigwa na kila mtu, na kwa kuigwa ikaishi. Kilichofungwa kilizikwa na mwenyewe. Kilichotoka mikononi kikawa mali ya dunia.

Mwaka huohuo, kwetu

Mwenzetu wa Tanga aliposikia miaka hiyo aliuliza: wakati huo kwetu kulikuwa na nini?

Hazina ya Tanzania ilipata kompyuta yake ya kwanza mwaka 1965. Lakini mradi wa kuweka hesabu za serikali kwa kompyuta ulikwenda mrama, fedha za kigeni zikaliwa, na mwaka 1974 serikali ikapiga marufuku uingizaji wa kompyuta na vifaa vyake bila kibali maalumu. Hata televisheni Bara haikuwapo, wakati Zanzibar ilikuwa na matangazo ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Bara ilisubiri hadi miaka ya 1990. Marufuku ya kompyuta ililegezwa polepole katika miaka ya 1980 kabla ya kuondolewa kabisa.

Ni rahisi kuicheka marufuku hiyo. Sisi tunaisoma pia kama hofu iliyokuwa na msingi: hofu ya nchi kununua kwa gharama kubwa kitu ambacho masharti yake yanaamuliwa kwingine. Vishimo 9 vya mwaka 1981 vilipita, na vya 1984 vikapita, bila watu wengi wa Tanzania kuvigusa. Mlango ulipofunguka, kilichoingia kilikuwa VGA. Kwa hiyo kizazi kizima cha Afrika Mashariki kilianza safari ya kompyuta kwenye tundu hilohilo ambalo dunia nzima ilikuwa imekubaliana juu yake. Rangi ya buluu ilikuja baadaye, mwisho wa miaka ya 1990, pale mwongozo wa Intel na Microsoft ulioitwa PC 99 ulipogawia kila tundu rangi yake ili mtu asiyesoma kitabu cha maelekezo naye aweze kuchomeka. Kabla ya hapo matundu mengi yalikuwa meusi tu.

Kurudi kwenye ndiyo na hapana

Kioo chembamba kilipoingia sokoni, analogi ikaanza kuonekana ya kizamani. Kioo hicho hakina mwale. Kina nukta zilizohesabiwa, na kila nukta hungoja kuambiwa nambari yake. Kompyuta nayo huwaza kwa nambari. Kupitia VGA, nambari ziligeuzwa kuwa umeme wa kupanda na kushuka, zikasafiri mita moja na nusu, kisha zikageuzwa tena kuwa nambari, na kila mgeuzo ulipunguza ukali wa picha. Ni kama barua ya Kiswahili inayotafsiriwa Kifaransa ili ivuke mpaka, halafu itafsiriwe tena Kiswahili ifikapo.

Mwaka 1999 ikatoka DVI, tundu jeupe, la kidijitali. Waliolibuni walikumbuka wenye vioo vya zamani: aina mojawapo ya tundu hilo, DVI-I, hubeba ishara zote mbili pamoja, ya analogi na ya kidijitali, ili adapta ndogo isiyo na umeme iweze kulihudumia hata chogo. Desemba 2002 kampuni 7 za vifaa vya nyumbani na umeme, zikiwamo Sony, Philips na Toshiba, zikatoa HDMI. Hiyo ilitoka upande wa televisheni na filamu. Hubeba sauti pia, inaweza kubeba kufuli la kuzuia kunakili, na mtengenezaji hulipia leseni. Ishara zake za picha zilitoholewa kutoka DVI. Mwaka 2006 shirika la VESA likatoa DisplayPort.

VGA iliendelea kuishi miongoni mwa wajukuu wake hadi Desemba 2010, pale Intel na AMD, pamoja na Dell, Lenovo, Samsung na LG, zilipotangaza kwamba kufikia mwaka 2015 Intel na AMD zingeacha kuiweka kwenye vifaa vyao. Siku ya tangazo hilo hakuna hata monita moja iliyoharibika. Lakini kuanzia hapo mamilioni ya mashine zilizokuwa zikifanya kazi zilianza kuhesabika kuwa zee.

Njia ya mashine zilizozeeshwa

Mashine hizo zilikwenda wapi? Nyingine zilikuja kwetu, kama mitumba. Nchini Kenya, shirika la Computers for Schools Kenya, lililoanzishwa mwaka 2002, lilikarabati kompyuta zilizotumika na kuzipeleka mashuleni. Watoto wengi waliona kipanya kwa mara ya kwanza kwa njia hiyo. Uganda iliogopa upande wa pili wa habari hiyohiyo, na mwaka 2009 ikapiga marufuku uingizaji wa kompyuta, televisheni na majokofu yaliyotumika. Hofu haikuwa ya bure. Kioo cha chogo kina risasi, ile metali yenye sumu, kwa uzito wa kilo na zaidi, iliyowekwa ili kuzuia miale isimfikie mtazamaji. Likivunjwa jalalani, sumu hubaki na wavunjaji.

Australia ilipitisha sheria mwaka 2011 iliyoanzisha mpango wa taifa wa kurejeleza televisheni na kompyuta, ambapo watengenezaji na waagizaji hugharamia ukusanyaji na mwananchi hulipeleka chogo lake bure. Ni mpango mzuri, na ndio uliomeza monita ya mzee. Ulimeza pia, bila kukusudia, kidude kidogo cheupe kilichokuwa kimechomekwa nyuma yake. Na kidude hicho ndicho kilichokuwa jibu la fumbo letu.

Tundu ambalo hatukuliangalia

Tulikuwa tumekosea mara mbili, na makosa yote mawili ni ya kutojua historia.

La kwanza, ile kebo ya bei rahisi. VGA husema kwa analogi, HDMI husikia kwa kidijitali. Waya mtupu hauwezi kutafsiri. Anayetaka kutoka VGA kwenda HDMI anahitaji kigeuzi chenye saketi ndani yake, ambacho mara nyingi hupewa umeme kwa kamba ya USB. Kebo yetu ilikuwa mkalimani bubu.

La pili, tundu lenyewe. Baada ya majuma mawili tulilivuta kasha mwangani, tukapangusa vumbi, tukaona kwamba tundu la buluu liko juu, karibu na matundu ya USB na ya kibodi, maana yake ni la ubao mkuu. Chini zaidi, kwenye nafasi za kulala za kadi, palikuwa na tundu jingine, jeupe, la DVI-I. Mtu alikuwa ameongeza kadi ya picha. Katika kompyuta nyingi za zama hizo, kadi ikiwekwa, tundu la ubao mkuu hunyamazishwa. Miaka yote hiyo chogo la mzee lilikuwa likila kwenye tundu jeupe kupitia ile adapta ndogo iliyotupwa. Tundu la buluu lilikuwa mlango uliofungwa kwa ndani, nasi tulikuwa tukiubisha.

Tukanunua kebo yenye DVI upande mmoja na HDMI upande wa pili. Hiyo haihitaji kigeuzi, kwa kuwa lugha ni moja. Haibebi sauti tu. Tukazima kila kitu, tukachomeka, tukakaza skurubu mbili kwa vidole, tukawasha monita kwanza, kisha kasha. Kilima cha kijani cha Windows XP kikatokea, kimevutwa pembeni kwa sababu kadi ilikuwa bado inakumbuka umbo la kioo cha zamani. Tangu mwaka 1994 monita huweza kuiambia kompyuta vipimo vyake kupitia kebo ileile. Tukafungua mipangilio, tukachagua kipimo ambacho kioo kipya kilikitaja, na picha ikakaa sawa.

Katika majuma hayo mawili tulibishana pia juu ya maneno, kama ilivyo desturi ya chama chetu. Mwenzetu wa Kenya alisema tarakilishi na kiwambo. Wa Tanga alisema kompyuta na skrini, akaongeza kwamba hata Jambo OpenOffice, programu iliyofasiriwa kwa Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na kutolewa mwaka 2004, haikuwangoja wataalamu wamalize kubishana. Sisi tulilipenda kiwambo kwa sababu lina historia ndani yake: kuwamba ni kuivuta ngozi juu ya mzinga wa ngoma hadi ikazike. Mzee alisema kioo, na mashine yake ikamwelewa.

Alivuta kiti. Akafungua faili la kwanza, la mwaka aliofika Australia, akaanza kusoma majina kwa sauti, mmojammoja, na baada ya kila jina kijiji: wa Uvira, wa Fizi, wa Baraka. Mahali pengine alinyamaza kidogo, akasonga mbele. Alipofika mwisho wa ukurasa alituambia tunakili yote kwenye flashi tatu, moja yake, moja ya katibu mpya, moja yetu.

“Na muyachapishe pia kwa karatasi,” akasema. “Karatasi haina tundu.”

Tumeyachapisha. Ni kurasa 64.